Sura ya Tano: Fedha Kabla ya Mthamini

Mwaka 1997 wathamini waliingia Kipawa, Kigilagila na Kipunguni, mitaa inayopakana na uwanja wa ndege wa Dar es Salaam. Uwanja ulitakiwa kupanuliwa na wakazi walitakiwa kupisha. Vyumba vikapimwa, miti ikahesabiwa, majina yakaandikwa. Kisha kukawa kimya. Malipo yalianza kutoka zaidi ya muongo mmoja baadaye, na wapo wakazi wa Kipunguni waliovuka miaka ishirini wakiwa bado wanasubiri yao. Mtoto aliyezaliwa mwaka ule wa upimaji alikuwa mtu mzima kabla familia yake haijajua itahamia wapi.

Anayesikia habari hizi kwa mbali hudhani kwamba katika miaka hiyo yote watu hawa hawakupoteza kitu, kwa kuwa waliendelea kukaa majumbani mwao. Ukweli ni tofauti. Nyumba ikishaandikwa kwenye daftari la mthamini, mwenyewe haoni sababu ya kubadili bati linalovuja. Mpangaji akisikia kwamba hapa pamethaminiwa, anatafuta chumba kwingine. Benki haiipokei kuwa dhamana ya mkopo, na mnunuzi haji. Aliyekuwa amepanga kuongeza vyumba viwili vya kupangisha ili vimlee uzeeni anaacha matofali yameshikana na nyasi uani. Serikali haijachukua hata futi moja ya ardhi, lakini mwenye nyumba amekwisha kupoteza sehemu kubwa ya matumizi yake.

Ndiyo maana sura hii inasimamia jambo moja: mthamini asitumwe kwa mwananchi kabla fedha za kumlipa hazijatengwa. Masharti mengine ya fidia ya haki, kuanzia bei ya soko hadi posho ya kuhamia, yamo kwenye sheria za Tanzania kwa zaidi ya miaka ishirini sasa, na mengi yameandikwa vizuri. Yanavunjika kwa sababu upimaji huja kwanza na fedha hutafutwa baadaye.

Jinsi ardhi tupu ilivyopata thamani

Ardhi ya Tanzania ni mali ya umma, na Rais amekabidhiwa kama mdhamini kwa niaba ya wananchi. Mwananchi ana haki ya kuimiliki na kuitumia, iwe kwa hati iliyotolewa na serikali au kwa mila. Mfumo huu una mizizi katika sheria ya ardhi ya mwaka 1923 ya wakati wa Waingereza, na ulirithiwa baada ya Uhuru. Kwa miaka mingi ulizaa fikra kwamba, kwa kuwa ardhi ni ya umma, mtu anayeondolewa alipwe alichokiweka juu yake tu: nyumba, kisima, minazi, mikorosho. Udongo wenyewe haukuwa na bei. Sheria ya Utwaaji Ardhi ya mwaka 1967, ambayo inampa Rais mamlaka ya kuchukua ardhi kwa matumizi ya umma, ilitamka wazi kwamba ardhi tupu haina fidia.

Wakati wa Operesheni Vijiji, kati ya 1973 na 1976, familia nyingi zilihamishwa na mashamba yao kugawiwa wengine. Wengi hawakulipwa chochote. Miaka ya themanini baadhi yao walianza kwenda mahakamani kudai mashamba yao, na wengine walishinda. Serikali ilijibu kwa sheria ya mwaka 1992 iliyofuta haki za kimila katika vijiji vilivyoanzishwa na operesheni ile, ikazuia na fidia.

Baba na mwana kutoka upande wa Arusha, ambao tayari walikuwa wameshinda kesi ya shamba lao, hawakukubali. Walikwenda Mahakama Kuu kuipinga sheria hiyo kwa kutumia Katiba. Hukumu ya mwisho ilitolewa na Mahakama ya Rufani mwezi Desemba 1994, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali. Wanasheria huiita kesi ya Akonaay. Mahakama ilisema kwamba haki ya kimila juu ya ardhi ni mali, na kwa hiyo inalindwa na ibara ya 24 ya Katiba, inayokataza mtu kunyang'anywa mali yake bila fidia inayostahili. Ikaenda mbele zaidi: mtu aliyefyeka pori na kulifanya shamba amekwisha kuipa ardhi hiyo thamani kwa nguvu zake, hata kama siku ya kunyang'anywa hakuna mti wala ukuta juu yake.

Wakati kesi ile ikiendelea, Tume ya Rais iliyoongozwa na Profesa Issa Shivji ilikuwa imezunguka nchi nzima kusikiliza malalamiko ya ardhi, na ilikabidhi taarifa yake mwaka 1992. Sera ya Taifa ya Ardhi ikafuata mwaka 1995. Mwaka 1999 Bunge lilitunga sheria mbili, Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zilizoanza kutumika mwezi Mei 2001. Zote mbili zinaitambua ardhi kuwa na thamani, na zinataka anayeondolewa alipwe fidia kamili, ya haki, na kwa wakati. Ya vijiji inasema pia kwamba haki ya kimila ina hadhi sawa na hati inayotolewa na serikali. Mkulima wa Handeni asiye na karatasi yoyote, ila majirani wanaojua mpaka wake unapita wapi, ana haki ya fidia sawasawa na mwenye hati ya kiwanja cha Masaki.

Kinachoingia kwenye hesabu

Kanuni za fidia za mwaka 2001 zimetaja vipengele vya malipo kimoja kimoja, na kila mwenye ardhi anapaswa kuvijua, kwa sababu watu wengi hutia saini wakiwa wameonyeshwa jumla tu.

Cha kwanza ni thamani ya soko ya ardhi na maendelezo yake. Cha pili ni posho ya usumbufu: thamani hiyo huzidishwa kwa wastani wa riba ambayo benki za biashara hulipa kwa amana za miezi kumi na miwili. Cha tatu ni posho ya usafiri, yaani gharama ya kusafirisha tani 12 za mizigo kwa umbali wa kilomita 20. Cha nne ni posho ya makazi, ambayo ni kodi ya mwezi ya nyumba kama ile unayoondolewa, mara miezi 36. Jengo likiwa la biashara, hulipwa faida inayopotea: faida halisi ya mwezi mara miezi 36. Mwisho ni riba, ambayo huanza kuhesabiwa iwapo malipo hayakutolewa ndani ya miezi sita. Posho za usafiri, makazi na faida hazilipwi kwa ardhi ambayo hakuna mtu anayeikalia.

Tuchukue mfano wa familia iliyo pembezoni mwa mji. Kiwanja kimethaminiwa shilingi milioni 12, nyumba milioni 30, miti milioni 2. Jumla ni milioni 44. Tukichukulia riba ya benki kuwa asilimia 6, posho ya usumbufu ni shilingi 2,640,000. Nyumba kama hiyo ikipangishwa kwa shilingi 120,000 kwa mwezi, posho ya makazi ni shilingi 4,320,000. Tuseme usafiri ni shilingi 400,000. Familia itapaswa kulipwa shilingi 51,360,000.

Kwenye karatasi, hesabu hii inaridhisha. Familia inaweza kununua kiwanja kingine, kupanga nyumba wakati wa ujenzi, na kujenga upya. Mwandishi wa kanuni hizi alifikiria vizuri mtu anayehama anahitaji nini. Lakini kati ya karatasi na mkono wa mlipwaji kuna mahali pawili ambapo fedha hupungua.

Uchakavu na jedwali

Mahali pa kwanza ni penye uthamini wenyewe. Nyumba nyingi za vijijini na za pembezoni mwa miji haziuzwi mara kwa mara, kwa hiyo ni vigumu kupata mauzo ya kulinganisha. Mthamini hukadiria gharama ya kujenga nyumba kama hiyo leo, kisha hukata uchakavu. Nyumba ya matope na bati iliyokaa miaka ishirini inaweza kukatwa sehemu kubwa ya thamani yake. Kwa mhasibu, hilo ni sahihi. Kwa mama mwenye watoto wanne, nyumba ile ilikuwa inamkinga na mvua kikamilifu, na dukani hakuna bati chakavu wala nondo za nusu bei. Akilipwa thamani iliyopunguzwa, atajenga nyumba ndogo kuliko aliyokuwa nayo, au atajenga pagala lisilofika kwenye lenta.

Viwango vya kimataifa vimeliona hili. Benki ya Dunia na taasisi yake ya kukopesha sekta binafsi, IFC, hutaka miradi wanayoifadhili ilipe gharama kamili ya kupata mali mbadala bila kukata uchakavu. Kwa hiyo nchini humo humo familia mbili zenye nyumba zinazofanana zinaweza kulipwa tofauti, moja kwa sababu mradi wake una mkopo wa kimataifa na nyingine kwa sababu mradi wake umefadhiliwa na hazina ya taifa. Mtanzania hapaswi kulipwa vizuri zaidi na mgeni kuliko anavyolipwa na serikali aliyoichagua.

Mazao nayo hulipwa kwa kufuata majedwali ya viwango. Jedwali husaidia kuzuia upendeleo, lakini likikaa miaka mingi bila kurekebishwa linabaki nyuma ya soko. Mkorosho unaozaa si mti wa kuhesabiwa mara moja na kusahauliwa. Kwa mkulima wa Lindi au Mtwara ni ada ya shule kila msimu, na mwingine wa kuchukua nafasi yake utahitaji miaka kadhaa kabla ya kuanza kuzaa.

Gharama ya kusubiri

Mahali pa pili, na pabaya zaidi, ni kwenye muda. Turudi kwa familia yetu ya milioni 51. Tuseme fedha zimechelewa miaka mitatu. Habari za mradi zimeenea, madalali wamejaa, na kiwanja cha milioni 12 sasa kinauzwa milioni 20. Pengo la milioni 8 limezidi posho zote tatu zikijumlishwa, ambazo ni shilingi 7,360,000. Riba ya ucheleweshaji kwa miaka miwili na nusu, kwa kiwango kilekile cha asilimia 6, ingeleta kama milioni 7.7, na hiyo ni pale inapolipwa. Hata hivyo haizibi pengo la kiwanja peke yake, kabla hatujagusa bei mpya ya saruji, bati na mbao. Wahenga walisema ngoja ngoja huumiza matumbo, na hapa yanayoumia ni ya watoto.

Mashambani kusubiri kuna sura nyingine. Mthamini akishafika, hutangazwa tarehe ya ukomo: kitakachopandwa au kujengwa baada ya siku hiyo hakitalipwa. Agizo huwafikia watu kwa maneno mafupi: msipande cha kudumu. Sababu yake inaeleweka. Wapo wanaotegesha, wanaosimamisha vibanda usiku na kupanda miche ya miembe hatua moja moja ili wavune fidia. Lakini tarehe ya ukomo ilikusudiwa kuziba mwanya wa wiki chache. Ikinyooshwa kuwa miaka, inageuka adhabu kwa mkulima mwaminifu, ambaye anaacha kupanda migomba na mikahawa huku hajui atalipwa lini.

Bomba la mafuta ghafi la Afrika Mashariki limetuonyesha hili kwa ukubwa wake. Linatoka Hoima, Uganda, hadi Chongoleani, Tanga, urefu wa kilomita 1,443, na kilomita 1,147 kati ya hizo ziko Tanzania. Watu zaidi ya elfu tisa upande wa Tanzania waliguswa. Uthamini ulifanyika kwa sehemu kubwa mwaka 2018, lakini uamuzi wa mwisho wa kuwekeza ulichelewa, na malipo kwa walio wengi yakaja miaka ya 2021 na 2022. Katika kipindi hicho mkulima aliyekuwa kwenye njia ya bomba alikuwa na shamba lake na hakuwa nalo. Mradi ulilipa nyongeza kwa ajili ya kuchelewa, na waliotaka nyumba mbadala badala ya fedha walijengewa, jambo ambalo linastahili kuigwa. Hata hivyo misimu iliyopita bila kupanda ndizi hairudi.

Likong'o, pembeni ya mji wa Lindi, ambako kulitengwa eneo la kiwanda cha kuchakata gesi asilia, wananchi nao walisubiri kwa miaka kadhaa hadi 2020 ndipo wakalipwa. Uwanja wa ndege, bomba, gesi: miradi ni tofauti na wizara ni tofauti, lakini mpangilio wa matukio ni uleule.

Sheria ya Uthamini na Usajili wa Wathamini ya mwaka 2016 ilijaribu kuziba ufa huu. Taarifa ya uthamini wa fidia iliyoidhinishwa na Mthamini Mkuu wa Serikali sasa ina uhai wa miaka miwili. Ukipita muda huo bila malipo, uthamini unafanywa upya. Ni hatua njema, maana bei ya zamani haiwezi tena kulipwa kama vile hakuna kilichobadilika. Lakini kurudia uthamini hakumrudishii mtu miaka aliyoishi akiwa amefungwa mikono, na serikali inaweza kupima tena na tena bila kulipa.

X nyekundu na X ya kijani

Kuna kundi ambalo hubishaniwa kama linastahili fidia yenyewe. Msafiri wa barabara kuu za Tanzania huziona nyumba zenye alama ya X ukutani. X nyekundu maana yake nyumba imo ndani ya hifadhi ya barabara kinyume cha sheria na itabomolewa bila malipo. X ya kijani maana yake barabara ndiyo iliyomfuata mwenye nyumba, na atalipwa.

Tofauti hii ilitokana zaidi na Sheria ya Barabara ya mwaka 2007, iliyopanua hifadhi ya barabara kuu kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande kutoka katikati ya barabara. Aliyejenga mita 25 kutoka katikati alikuwa salama kisheria, kisha sheria ikamkuta kitandani mwake. Huyo anastahili fidia, na X ya kijani ni ahadi ya serikali kwake. Lakini ahadi iliyochorwa ukutani kwa miaka mingi bila malipo inafanya kazi ileile ya daftari la mthamini: nyumba haiuziki, haikopesheki, haikarabatiwi.

Mwaka 2017, kutoka Kimara hadi Kiluvya, nyumba nyingi za kando ya Barabara ya Morogoro zilibomolewa bila fidia, kwa hoja kwamba hifadhi ya barabara ile ni mita 121.5 kila upande. Wengi wa waliobomolewa walikuwa wameishi pale miaka mingi wakilipa kodi ya majengo, wakiunganishiwa umeme na maji na mashirika ya serikali, wengine wakiwa na nyaraka za mamlaka za mitaa. Siamini kwamba dola inaweza kumtambua mtu kwa miaka ishirini kila inapodai kodi, kisha imwite mvamizi siku inapotaka kupanua barabara. Hata pale ambapo sheria haimpi fidia ya ardhi, uungwana wa dola unadai alipwe angalau gharama za kuhama na za kusimamisha paa lingine.

Wasioandikwa kwenye daftari

Fidia hufuata jina lililoandikwa, na jina linaloandikwa mara nyingi ni la mwanamume. Mke aliyelima shamba lile miaka thelathini husikia habari za fedha zikiwa tayari zimeingia kwenye akaunti ya mumewe. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamkataza mwenzi mmoja kuuza au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Mantiki hiyohiyo inapaswa kutumika kwenye fidia: majina mawili kwenye fomu, picha ya wote wawili mbele ya nyumba, na akaunti ya pamoja. Miradi inayofanya hivyo haiongezi hata shilingi moja kwenye bajeti yake, na inaokoa familia nyingi.

Mpangaji naye huondoka na virago vyake tu, ingawa mteja wa saluni yake au wa genge lake hatamfuata mtaa mwingine. Mfugaji hupoteza malisho na njia ya kwenda majini, vitu ambavyo havina mmiliki mmoja wa kupigwa picha. Kijiji hupoteza msitu wa kuni na dawa. Sheria ya Ardhi ya Vijiji imeweka kinga hapa. Eneo lisilozidi hekta 250 haliwezi kuhamishwa bila ridhaa ya mkutano mkuu wa kijiji, na linalozidi hapo mkutano hutoa mapendekezo kabla Waziri hajaamua. Tena uhamisho haupaswi kukamilika kabla aina ya fidia, kiasi chake, namna ya kulipa na wakati wa kulipa havijakubaliwa. Kifungu hiki ni ngao kubwa, na wanavijiji wengi hawajui kwamba wanayo.

Makaburi yamewekewa sheria yake tangu mwaka 1969. Inatambua gharama za kufukua, kusafirisha na kuzika upya, pamoja na gharama za tambiko au ibada inayohitajika. Wabunge wale wa miaka ya sitini walijua kwamba kuna vitu ambavyo havina bei, na kwamba hata hivyo anayevihamisha lazima alipe heshima yake.

Jirani wamefanya nini

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, ibara ya 40, inadai fidia ya haki ilipwe kikamilifu na upesi, kisha inaruhusu pia kuwalipa watu wanaoikalia ardhi kwa nia njema hata kama hawana hati. Kanuni za Kenya za mwaka 2017 zinaongeza asilimia 15 ya thamani ya soko kwa ajili ya usumbufu. Asilimia hiyo haitegemei riba za benki za mwaka husika, kwa hiyo mwananchi anaweza kuipiga mwenyewe kwenye karatasi. Kenya nayo ina vilio vyake vya ucheleweshaji, hasa kwenye reli na barabara, lakini msimamo wake kuhusu wasio na hati umetutangulia.

Rwanda imeweka namba kwenye muda. Sheria yake ya mwaka 2015 inataka fidia ilipwe ndani ya siku 120 baada ya kuidhinishwa, na posho ya usumbufu ni asilimia 5 ya thamani. Mwananchi wa Rwanda anaweza kuhesabu siku kwenye kalenda na kujua ni lini serikali imeanza kumvunjia sheria.

Mthamini akibisha hodi

Hadi sheria zetu zitakapotengemaa, mwenye ardhi anaweza kujilinda kwa mambo machache.

Uwe nyumbani siku ya uthamini. Hesabu miti pamoja na mthamini, mmoja mmoja, na uandike hesabu yako pembeni. Piga picha za nyumba ndani na nje, choo, kisima, uzio na banda la kuku. Usitie saini fomu ambayo ina nafasi tupu, na uombe nakala ya kila unachosaini. Mtendaji wa kijiji au mwenyekiti wa serikali ya mtaa awepo kama shahidi, si kama mtu wa kukuambia utie saini haraka.

Ukiwa na biashara, weka kumbukumbu. Daftari la mauzo, risiti na stakabadhi za kodi ndizo zitakazothibitisha faida yako ya mwezi. Mama lishe asiye na hata karatasi moja atakadiriwa kidogo kuliko anachopata.

Omba mchanganuo wa malipo, kipengele kwa kipengele, na uulize kila kimoja kimepatikanaje. Kama hukubaliani, andika barua mapema kupitia halmashauri kwenda kwa Mthamini Mkuu wa Serikali na ubaki na nakala iliyogongwa mhuri. Mgogoro wa kiasi cha fidia unaweza kufikishwa Mahakama Kuu, lakini kuishtaki serikali kunahitaji notisi ya siku 90, kwa hiyo usisubiri hadi matingatinga yafike. Wanaokwenda kwa kikundi, wakiwa na mwanasheria mmoja na mthamini binafsi mmoja waliyemchangia, husikilizwa vizuri kuliko mtu mmoja mmoja.

Na usikubali kubomoa kwa mikono yako kabla ya kulipwa kwa sababu tu umeahidiwa kifuta jasho.

Sheria moja ya kuongeza

Najua jibu la maofisa wa mipango. Watasema nchi inahitaji reli, maji, umeme na bandari, na kwamba tukisubiri fedha za fidia zikamilike, miradi itakwama. Haja ya miradi siibishii. Treni ya mwendokasi inayotoka Dar es Salaam kwenda Dodoma ni manufaa kwa mamilioni, na isingejengwa bila watu kupisha. Ila mkandarasi hakubali kuingia kazini bila malipo ya awali, na mwenye saruji hatoi saruji kwa ahadi ya muongo ujao. Mwananchi ndiye pekee katika mradi mzima anayetakiwa kutoa kitu chake kwanza na kulipwa fedha zikipatikana. Akicheleweshwa kulipwa kwa miaka kumi, ndiye aliyeikopesha serikali, bila riba ya soko na bila kuombwa ridhaa. Na anayekopesha mara nyingi ni maskini kuliko wote walio mezani.

Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 ilikwisha kuweka Mfuko wa Fidia ya Ardhi. Chombo kipo. Kinachotakiwa ni kukipa fedha na meno: Mthamini Mkuu asiidhinishe zoezi lolote la uthamini wa fidia hadi aonyeshwe kwa maandishi kwamba fedha za makadirio zimo kwenye Mfuko, kwa jina la mradi huo, na haziwezi kuhamishiwa matumizi mengine. Baada ya uthamini, siku zihesabiwe kama Rwanda. Siku zikiisha bila malipo, zuio lifutike lenyewe, mwenye ardhi awe huru kupanda, kujenga na kuuza, na alipwe kwa muda aliofungwa.

Sharti hili lingefanya kazi mbili kwa mara moja. Wanaotegesha wangekosa nafasi, kwa sababu kati ya upimaji na malipo pangebaki miezi michache tu. Na wizara zisingeandika ardhi za watu kwa ajili ya miradi ambayo bado ni ndoto, maana kila uthamini ungekuwa na gharama inayoonekana kwenye bajeti ya mwaka huohuo, mbele ya Bunge. Leo gharama hiyo ipo vilevile, ila inabebwa na familia, na kwa kuwa haimo kwenye vitabu vya serikali hakuna mbunge anayeiuliza. Mahakama ya Rufani ilikwisha kusema mwaka 1994 kwamba jasho la mkulima ni mali. Bunge lina wajibu wa kuhakikisha mali hiyo hainunuliwi kwa mkopo ambao mkulima hakuukubali.